Mjadala: Mwanafunzi wa fizikia aanze na kompyuta au na kalamu?

Mjukuu wa Kuze
Salaam jamaa. Binamu yangu yuwasoma fizikia mwaka wa kwanza, chuo kimoja hapa pwani, jina silitaji. Mhadhiri kawapa kazi ya pendulamu, kile kizito kinachoning'inia kwa kamba na kuyumba: waandike programu kwa Python, lugha ya kompyuta, iipeleke pendulamu hatua kwa hatua, halafu wachore grafu. Mlinganyo wenyewe hawajafunzwa kuutatua kwa mkono. Mamake kapandwa na hasira, asema ada yote ile mtoto akafunzwe kubonyeza? Mhadhiri naye asema ndivyo mambo yalivyo siku hizi, kalamu itafuata. Nyinyi mwaonaje, ianze ipi?

Kalamu Kwanza
Mamake hajakosea hata kidogo. Asiyejua kwamba muda wa pendulamu kwenda na kurudi ni 2π mara kipeuo cha pili cha l kwa g, yaani urefu wa kamba kwa mvuto wa dunia, ataamini lolote atakaloambiwa na mashine. Sisi tulikesha na karatasi na vitabu vya logi, na tunajua tunachokijua. Kizazi hiki saba mara nane simu inatolewa mfukoni.

Msee wa Bamburi
Hiyo fomyula yako mzee wangu inakubali pembe ndogo tu. Ivute pendulamu mpaka nyuzi 90 uiachie, muda unaizidi fomyula kwa asilimia 18. Ukitaka kulipata jibu hilo kwa kalamu utazama kwenye integrali za duaradufu, hesabu ngumu zisizo na jibu jepesi, utoke na mvi. Kwa programu ni mistari sita, na ukiongeza upinzani wa hewa ni mstari mmoja zaidi. Maswali ya fizikia yenye jibu safi la kalamu ni machache, ndiyo maana vitabu vyote vinarudia yale yale.

Kalamu Kwanza
Mvi ninazo tayari, ahsante. Nilizipata kwa kazi, si kwa kunakili programu za watu mtandaoni.

Msee wa Bamburi
Nani kanakili? Taja mtu.

Ticha Changamwe
Tulieni. Mimi ni mwalimu wa sekondari, nitasema ninachokiona darasani. Kukokotoa kwa kukadiria si ugeni. Kanuni ya trapeza iko kidato cha nne, ile ya kukata eneo lililo chini ya mkunjo vipande vipande. Kila aliyefanya KCSE, mtihani wa mwisho wa sekondari Kenya, alikutana nayo, akaisahau siku ya pili. Kwa hiyo kompyuta si tatizo. Tatizo, na mnisamehe, nimefundisha bara na nimefundisha huku: watoto wa pwani wanapenda njia ya mkato. Bara mtoto anahangaika na swali mpaka usiku. Hapa ukimpa kompyuta ndiyo umemmaliza kabisa.

Mkaa Tononoka
Haya sasa. Nivute mkeka nikae.

Bint Mvita
Ticha, samahani, umesema nini? Mimi ni mtoto wa pwani, nimezaliwa Mji wa Kale, na kazi yangu ni kukokotoa nguvu za mawimbi kwenye nguzo za magati. Hesabu zangu hazijui nimetoka kaunti gani. Watoto unaowaita wavivu wengine wametoka madrasa saa kumi na mbili jioni, wamesaidia kuuza viazi karai, ndipo wakafungua daftari. Njoo Majengo usiku uone nani anahangaika.

Ticha Changamwe
Dada, sikusema wote. Nimesema ninachokiona.

Bint Mvita
Ulisema "watoto wa pwani". Iko hapo juu, hujaifuta.

Nahodha Mstaafu
Assalaam aleikum. Mimi si msomi wa vyuo, lakini hilo la njia ya mkato limenichoma. Ticha, babu zetu walikuwa wakiyahesabu maji kabla ya hiyo KCSE yako kuzaliwa. Mwezi ukiandama, na ukiwa mpevu, huku Mombasa maji hujaa kama saa kumi, ya alfajiri na ya jioni. Kesho yake ongeza dakika khamsini, keshokutwa khamsini tena, hivyo hivyo. Bamvua, maji makubwa, huja siku moja au mbili baada ya mwandamo, na maji mafu, yale madogo, yakaja katikati. Mtoto wa miaka kumi wa kwetu yuwajua lini aende mwambani kuchokoa pweza bila kumuuliza mtu. Hiyo ni njia ya mkato au ni ilimu?

Mkaa Tononoka
Nahodha kaua. Funga mjadala.

Msee wa Bamburi
Heshima zako nahodha. Lakini siku hizi si kuna programu ya simu inakuonyesha maji yanajaa saa ngapi na dakika ngapi? Mbona kuhesabu vidole?

Nahodha Mstaafu
Simu ikizima chaji katikati ya bahari utamuuliza samaki?

Kalamu Kwanza
Hapo ndipo nilipotaka tufike! Kompyuta ikizima, kichwa kinabaki. Mnamkumbuka yule mama wa NASA, shirika la anga la Marekani, aliyerusha roketi ya kwenda mwezini kwa kalamu tupu, walipokuwa hawana kompyuta?

Bint Mvita
Kidogo tu mzee. Unamkusudia Katherine Johnson, na ile safari si ya mwezini. Ni John Glenn kuizunguka dunia mwaka 1962. Kompyuta walikuwa nazo, za IBM. Glenn ndiye hakuziamini, akataka Katherine azipitie namba zile zile kwa mashine yake ya mezani kwanza. Kwa hiyo kisa hicho kila upande unaweza kukivuta kwake.

Kalamu Kwanza
Bado nimeshinda. Mtu aliikagua mashine.

Msee wa Bamburi
Kwa mashine nyingine.

Mjukuu wa Kuze
Jamani, pendulamu.

Bint Mvita
Nakuja huko, lakini nahodha kasema jambo ambalo mmelipita. Hebu tazameni anachofanya. Ana hali ya leo, ana kanuni ya kuongeza, anapiga hatua ya siku moja. Halafu tena. Hiyo ndiyo mbinu ya mwanahisabati Euler aliyoichapisha mwaka 1768, ambayo binamu wa Kuze kaambiwa aiandike kwa Python. Kilichobadilika ni kwamba pale kuna pembe na kasi, na hatua ni ya sehemu ya sekunde.

Na kasoro yake ni ile ile. Khamsini ni wastani, nahodha. Siku za bamvua nyongeza huwa ndogo kuliko hapo, siku za maji mafu hupita hata saa nzima. Ukiongeza khamsini khamsini tu bila kuangalia, kosa linarundikana. Sivyo?

Nahodha Mstaafu
Ni kweli mwanangu. Ndiyo maana mwezi ukiandama twaanza upya, na kila siku watazama alama ya maji ukutani. Nani kakwambia twahesabu tukiwa tumefumba macho?

Bint Mvita
Basi hilo "kutazama alama" ndilo lisilofundishwa, si kwa kalamu si kwa kompyuta.

Ticha Changamwe
Sasa mnamfananisha mvuvi na Euler. Kwa heshima zote nahodha, maji kujaa ni mambo ya mwezi na jua, na fizikia yake ni nzito. Kujua saa si kujua sababu.

Mkaa Tononoka
Ticha anachimba tu. Mpeni jembe kubwa zaidi.

Bint Mvita
Na jedwali la maji la Kilindini unalolitumia ticha, ukilitumia, linatengenezwaje? Si kwa kutatua mlinganyo wa bahari nzima. Mtu hupima maji kwenye kipimo cha bandari kwa muda mrefu, kisha akayavunja mawimbi mojamoja: la mwezi linarudi kila saa 12.42, la jua kila saa 12 kamili, na mengine mengi madogo. Ukijumlisha hayo mawili tu, yanaoana na kuachana kila siku 14.8 hivi. Hiyo ndiyo bamvua na maji mafu ya nahodha. Mwanafizikia Kelvin alijengewa mashine ya kujumlisha mawimbi hayo kwa puli na kamba mwaka 1872, haina umeme hata chembe. Mwenye laptopu afungue sasa hivi ajumlishe sini mbili, yaani mikunjo miwili ya mawimbi hayo, ataiona bamvua ikitokea kwenye kioo. Mimi nilipoiona chuoni niliacha kuandika, nikawa naitazama tu.

Msee wa Bamburi
Nimejumlisha. Wallahi inatokea.

Kalamu Kwanza
Na aliyezivumbua hizo sini alitumia nini? Kalamu.

Msee wa Bamburi
Mzee, kukokotoa hatua kwa hatua NI kalamu. Runge 1895, Kutta 1901, wanahisabati waliotunga kanuni za hatua kwa hatua, kulikuwa na kompyuta gani? Kimondo cha Halley, mwanahisabati Clairaut na wenzake wawili, mmoja wao mwanamke, walikaa mezani miezi wakikikokotoa kipande kwa kipande ili waseme kitarudi lini. Kikaja 1759, wakapotoka kwa mwezi mmoja tu. Hii "kalamu dhidi ya kompyuta" mmeitunga nyinyi.

Kalamu Kwanza
Kimondo ni kile kinachoanguka. Ile ni nyotamkia. Unanifundisha fizikia na kimondo hukijui.

Mkaa Tononoka
Ukurasa unaofuata: kimondo au nyotamkia. Leteni kahawa chungu.

Mjukuu wa Kuze
Wazee wangu, mimi ndiye niliyeleta swali. Binamu yuko hapa kando yangu na laptopu, ana shida ya kweli. Programu yake inakubali ila pendulamu yafanya wazimu. Kamba mita 1, hatua ya sekunde 0.1, aliiachia kidogo tu na kila inaporudi imepanda zaidi. Mwisho imezunguka juu ya msumari kama feni. Amekagua, hakuna kosa. Mamake ameona, sasa ndiyo kapata ushahidi.

Kalamu Kwanza
Ndiyo hayo! Nishati imetoka wapi? Kompyuta imeumba nishati! Mpe mama pole.

Bint Mvita
Kompyuta haijaumba kitu, imefanya ilivyoambiwa. Mwambie atazame mistari miwili ya ndani. Bila shaka kaandika hivi:

pembe_mpya = pembe + kasi × hatua
kasi_mpya = kasi − 9.8 × sin(pembe) × hatua

Yote miwili inatumia hali ya zamani. Hiyo ni Euler yenyewe, na kwa kitu kinachoyumba huongeza nishati kila hatua. Kwa kamba ya mita 1 na hatua ya 0.1, pembe ikiwa bado ndogo, upana wa kuyumba unakua karibu mara mbili na nusu kila mzunguko mmoja. Akipunguza hatua iwe 0.01, bado utakua kiasi cha asilimia kumi kwa mzunguko. Kwa hiyo kupunguza hatua kunachelewesha ugonjwa, hakuuponyi.

Sasa ageuze. Aikokotoe kasi kwanza, halafu pembe aisogeze kwa kasi hiyo MPYA. Asibadilishe kingine chochote.

Mjukuu wa Kuze
Subiri.

Ticha Changamwe
Kwani mpangilio wa mistari unabadilisha fizikia?

Bint Mvita
Haubadilishi fizikia, unabadilisha kosa linaelekea upande gani. Mwanafizikia Cromer aliandika makala juu ya hilo mwaka 1981. Watu wanaifundisha kama ujanja wa mwisho wa muhula, mimi ningeiweka wiki ya kwanza. Na ili ujue kwamba nishati haitakiwi kukua, ticha, hapo unahitaji kalamu ya mzee. Nimewapa wote haki yenu, lakini ile ya watoto wa pwani bado nakudai.

Mjukuu wa Kuze
Imetulia! Kageuza mistari, yaenda na kurudi kama saa ya ukutani, dakika nzima haijapanda. Mamake auliza umefanya nini, twashindwa kumwambia. Sasa shida ni hii: karatasi ya mhadhiri yasema watumie Euler na waripoti jibu. Aandike ipi, ile ya wazimu au hii?

Msee wa Bamburi
Aandike hii. Akiandika ile atachekwa.

Kalamu Kwanza
Aandike alichoagizwa. Mhadhiri ni mhadhiri.

Bint Mvita
Aandike zote mbili na grafu ya nishati ya kila moja. Pengine mhadhiri alitaka waone ile feni.

Ticha Changamwe
Au mhadhiri mwenyewe hakujua.

Mkaa Tononoka
Ticha, mhadhiri ni wa bara au wa pwani?

Nahodha Mstaafu
Mjukuu, mwambie mamake mtoto anajifunza, asimkatie ada. Na wewe wa Bamburi, hiyo programu yako ya sini mbili yasema maji Likoni yajaa saa ngapi Jumamosi? Mimi nasema saa nane kasorobo. Anayekosea anunua mahamri.

Msee wa Bamburi
Inasema saa nane na dakika tano. Tukutane huko, na pesa ya mahamri uje nayo nahodha.