Sciences Po: exposé ya dakika 10 inapangwaje?

mgeni_reims
Wakuu, naanza Septemba Sciences Po (chuo cha sayansi ya siasa Ufaransa), kampasi ya Reims. Naambiwa kwenye madarasa madogo kuna exposé (wasilisho la mdomo) ya dakika 10, ukizidisha mwalimu anakukatisha. Nimezoea insha ya hoja sita. Wao wanataka nini hasa?

Kijiweni
Hoja sita zisahau. Sehemu mbili tu, kila moja vifungu viwili: I-A, I-B, II-A, II-B. Utangulizi upe dakika 2 na nusu, kila sehemu 3 na nusu, hitimisho nusu dakika. Utangulizi unabeba tukio la kuanzia, maana ya maneno ya mada, muktadha, problématique (swali kuu unalolijibu), kisha unatangaza mpango wako. Ukiuharakisha umeshapoteza alama, maana hapo ndipo mwalimu anapoamua kama umeielewa mada.

mgeni_reims
Asante mkuu. Basi I niweke faida, II hasara?

Bi_Saida
Hapana mdogo wangu, hiyo ni orodha. Sehemu ya pili lazima isukume mbele ya kwanza. Chukua mfano wa ibara ya 49.3 ya Katiba ya Ufaransa ya 1958, inayoiruhusu serikali kupitisha muswada bila kura, isipokuwa wabunge wakiiangusha serikali yenyewe. Problématique: silaha iliyotengenezwa kuilinda serikali inawezaje kuiangusha?
I. Ngao ya serikali: A) hofu ya 1958, baada ya serikali za Jamhuri ya Nne (mfumo uliotangulia Katiba hiyo) kuanguka ovyo, B) mipaka iliyowekwa 2008: ukiacha miswada ya bajeti na hifadhi ya jamii, inatumika kwa muswada mmoja tu kwa kikao.
II. Ngao yenye gharama: A) Waziri Mkuu Borne, Machi 2023, sheria ya pensheni: kura ya kutokuwa na imani ilikosa kura 9 tu, B) Waziri Mkuu Barnier, Desemba 2024: kura 331 za kumwangusha, akaondoka.
Unaona II-B haiwezi kukaa mahali pengine? Kifungu kikihamishika bila kuharibu kitu, mpango haujakaa.

Kijiweni
Naongezea: vichwa vya sehemu viwe vifupi, walimu wengi hawapendi viwe na kitenzi. Andika kamili utangulizi na sentensi ya kuvuka toka I kwenda II, kwingine vidokezo tu. Ukisoma neno kwa neno unaenda mbio, halafu maswali yakija huna pa kushika. Na alama zinatolewa kati ya 0 na 20. Ukipata 13 usilie, huko ni nzuri.