Majirani wa Heru Juu: ua jekundu la mteremkoni

Mama Neema: Mwakeye majirani. Watoto wameleta ua hili kutoka mteremko wa nyuma ya shule. Jekundu, kingo za njano, mmea unapanda juu ya vichaka. Chini yake wamefukua kiazi. Kinaliwa?
[Picha]

Mwl. Bahati: Mwakeye mama. Kisiliwe, na mifugo isipewe. Watoto wanawe mikono kwa sabuni sasa hivi. Halafu naomba picha ya ncha ya jani, kwa karibu.

Mama Neema: Wamenawa. Ncha imerefuka kama uzi, imejisokota kwenye kijiti.
[Picha]

Mwl. Bahati: Basi ni Gloriosa superba. Ua lina petali 6 zilizopindwa kurudi nyuma, kingo zake zina mawimbi. Huanza kijani, likawa njano, kisha jekundu, ndiyo maana mtu mmoja atakwambia kaona la njano na mwingine jekundu, na wote wameona mmea uleule. Msitegemee rangi. Tegemeeni ile ncha ya jani inayoshika kama kidole.

Chiza: Mwalimu, mbona kiazi kinafanana na kiazi kikuu cha porini?

Mwl. Bahati: Hapo ndipo hatari ilipo. Kiazi cha Gloriosa huwa kimejikunja kama herufi V au L. Lakini usisubiri ufukue, soma majani. La Gloriosa halina kikonyo, limekaa moja kwa moja kwenye shina, na mishipa yake inakwenda sambamba kama ya jani la mhindi. La kiazi kikuu lina kikonyo kirefu, aghalabu umbo la moyo, mishipa mikubwa inatoka sehemu moja chini na kupinda kuelekea nchani, na katikati kuna wavu wa mishipa midogo. Kiazi kikuu hupanda kwa kuzungusha shina lenyewe. Hakina uzi wa kushikia popote. Maua yake madogo sana, ya kijani au meupe, yananing'inia kama shanga.

Mzee Kassimu: Nyongeza. Kuna kiazi kikuu pori chenye vijani vitatu kwenye kikonyo kimoja, shina lina miiba. Hicho nacho kina sumu. Wakati wa njaa watu hukikata vipande vyembamba na kukiloweka siku kadhaa kwenye maji yanayotiririka. Asiyefundishwa na anayejua asijaribu, loweko pungufu linaua.

Mama Neema: Shikamoo mzee. Hiki chetu je, kikichemshwa sana sumu haitoki?

Mzee Kassimu: Marahaba mwanangu. Haitoki. Sumu yake ni kolkisini, na moto wa jikoni hauivunji. Ipo kwenye mmea mzima, ila kiazi na mbegu ndivyo vibaya zaidi. Mtu akila anaweza kukaa saa kadhaa bila dalili, kisha kutapika na kuhara vikaanza kwa nguvu. Zile saa za utulivu ndizo zinazowadanganya watu. Aliyekula apelekwe hospitali papo hapo, na kipande cha mmea kiwekwe kwenye mfuko kiende naye.

Mama Neema: Nimewauliza mmoja mmoja, hakuna aliyeonja. Alhamdulillahi.

Rehema: Naomba tukubaliane namna ya kupiga picha. Ua peke yake halitoshi kutaja jina. Tuma 1) mmea mzima ulivyosimama, 2) jani upande wa juu na wa chini, 3) jani linapoungana na shina, 4) ua kwa mbele na kwa ubavu, 5) tunda kama lipo. Weka sarafu pembeni ili tujue ukubwa. Tuma kama faili, kwa sababu picha ya kawaida hapa inabanwa na vinyweleo vya jani havionekani tena. Andika pia mwinuko kutoka kwenye simu: Ziwa Tanganyika ni kama mita 773, kilele cha Nkungwe kwenye milima ya Mahale ni mita 2,462, na mimea haiwi ile ile.

Chiza: Zile programu za kutambua mimea kwa picha?

Rehema: Tumia kupata dokezo, kisha hakiki mwenyewe kwa jani na utomvu. Kwa chochote cha kula au dawa, jibu la simu si jibu.

Baba Asha: Niwaulize basi kuhusu mubirizi, ule mmea mchungu wa dawa ya homa. Dada yangu alichuma majani barabarani, machungu kweli, akasema ni mubirizi. Mimi naona ni ile alizeti pori.

Mzee Kassimu: Uchungu si kipimo, yote mawili machungu. Mubirizi jani lake halijagawanyika, lina meno madogo pembeni, na ua ni jeupe, vichwa vidogo vingi kwenye kishada kimoja. Alizeti pori, yaani Tithonia, jani limegawanyika sehemu 3 hadi 5 kama kiganja, na ua ni la njano, kubwa. Kosa la kawaida ni kutazama majani ya juu kabisa ya Tithonia, maana hayo mara nyingine hayagawanyiki. Shuka katikati ya shina utayaona.

Mwl. Bahati: Tithonia asili yake Mexico na Amerika ya Kati, ndiyo maana imejaa kando ya barabara na kwenye mashamba yaliyoachwa kuliko ndani ya msitu. Shambani ni mbolea nzuri mno. Ikatwe ikiwa laini kabla ya kuchanua, ifukiwe.

Rehema: Na mubirizi ndio ule Watongwe wa Mahale wanauita mjonso. Mwaka 1987 sokwe mgonjwa alionekana kule akitafuna kiini cha shina lake, na watafiti Michael Huffman pamoja na Mohamedi Seifu Kalunde wakaliandika jambo hilo mwaka 1989. Angalieni anavyofanya: anamenya gome, anatupa majani, anatafuna kiini tu na kunyonya maji yake. Majani na gome vina sumu zaidi. Watu huchemsha majani kisha wanashangaa tumbo linapowauma.

Mzee Kassimu: Kweli kabisa. Na homa ipimwe kwanza zahanati, hasa ya mtoto.

Chiza: Mwisho kwangu. Septemba ule mlima wa juu huwa mwekundu wote. Ni maua gani?

Mwl. Bahati: Si maua, ni majani machanga ya miti ya miombo, hasa ule uitwao mtundu. Yanatoka mekundu kabla ya mvua, kisha yanakuwa kijani. Maua yenyewe madogo, hayaonekani kwa mbali. Ukitaka kutenganisha mtundu na muba, mti mwingine wa miombo, hesabu vijani. Mtundu mara nyingi una jozi 4, jozi ya mwisho ndiyo kubwa kuliko zote. Muba una jozi 4 hadi 6, kubwa ni za katikati, na pembeni mwa kijani kuna vinyweleo kama pindo. Ganda la muba hukaa juu ya majani, la kahawia. Wafuga nyuki wa Tabora hawakosei hii, miti hii ndiyo malisho ya nyuki wao.

Chiza: Nikichuma tawi nilikaushe?

Rehema: Nje ya hifadhi, sawa. Ndani ya Gombe au Mahale, bila kibali hapana. Tawi la urefu wa gazeti lililokunjwa, lenye jani, ua au tunda. Geuza jani moja lionyeshe mgongo. Weka kati ya magazeti, juu mbao na mawe. Badilisha magazeti kila siku kwa wiki moja. Msimu huu wa mvua ukiruka siku mbili tu, ukungu unaingia. Rangi ya ua na harufu andika siku hiyohiyo, kwa sababu vinapotea.

Mama Neema: Na hiki kiazi nikitupe wapi?

Mzee Kassimu: Shimo la choo. Usikitupe bustanini, kitaota. Na pale mteremkoni watoto waonyeshwe ile ncha ya jani, maana kila msimu mmea unatoa kiazi kipya badala ya kile cha zamani.