Joto la chini la alfajiri ya Tanga: je, lifunguliwe soko la kulibashiria?

Mtoa hoja, Sahare

Ndugu zangu, baadhi ya vijana wa hapa mjini wamekuwa wakifuatilia masoko ya ubashiri ya Marekani, ambako mtu hununua kwa senti kadhaa hati inayomlipa dola 1 iwapo joto la mji fulani litaangukia katika kiwango alichokichagua. Sasa wanasema nasi tuwe na soko kama hilo kwa joto la chini kabisa la usiku wa Tanga, na kwamba huo si mkeka wa mpira bali ni ujuzi. Napinga, na sipingi kwa ajili ya dini peke yake, ingawa wazee wengi barazani wanaona kwamba neno kamari limekwisha kulimaliza jambo hili.

Niwape kwanza haki yao. Kukadiria joto la chini la usiku ni kazi ya akili. Jua likizama, ardhi huendelea kulitoa joto ililolihifadhi mchana. Usiku usio na mawingu wala upepo joto hilo hupotea bila kizuizi na hewa iliyo karibu na ardhi hupoa haraka, ilhali mawingu hurudisha sehemu yake chini, na upepo huichanganya hewa iliyopoa na ile yenye vuguvugu iliyo juu yake. Unyevu nao una neno lake: hewa ikipoa hadi mvuke uanze kugeuka umande, mgeuko huo wenyewe hutoa joto, na kipimo huanza kushuka polepole. Mtu wa Chicago anayeyajua hayo, akazisoma modeli za Marekani na za Ulaya, yaani hesabu za kompyuta za kutabiri hali ya hewa, akakadiria saa ambayo hewa baridi ya Kanada itaufikia mji wake, ana jambo la kumzidi jirani yake.

Tena hana budi kuzijua kanuni za malipo, na hapo ndipo wengi wanapoumia. Kwenye Kalshi, mojawapo ya masoko hayo ya Marekani, dau la joto la Chicago huamuliwa kwa kipimo cha uwanja wa ndege wa Midway, si kwa simu ya mtu aliyesimama ufukweni mwa ziwa Michigan. Siku ya kumbukumbu za hali ya hewa huko huhesabiwa kwa saa za kawaida mwaka mzima, kwa hiyo wakati saa za ukutani zinaposogezwa mbele, siku hiyo huanza saa saba usiku na kwisha saa saba ya usiku unaofuata. Joto la chini la siku si lazima liwe la alfajiri. Hewa baridi ikiingia jioni, kipimo cha chini kinaweza kupatikana dakika chache kabla ya siku kufungwa, na aliyelala akidhani ameshinda huamka ameshindwa.

Lakini tuutazame mji wetu. Wastani wa joto la chini la Chicago ni karibu nyuzijoto 7 chini ya sifuri mwezi Januari, na karibu 20 juu ya sifuri mwezi Julai. Hapa Tanga alfajiri ya kipupwe, Julai na Agosti, huwa karibu nyuzijoto 20, na ile ya mwisho wa kaskazi, Februari na Machi, karibu 24. Mwaka mzima tofauti ni nyuzijoto nne hivi, kwa sababu bahari iliyo mlangoni petu haipoi kwa usiku mmoja. Watabiri wenyewe hupima ujuzi wao kwa kuulinganisha na utabiri wa mtu asiyejua lolote, yaani yule anayesema tu kwamba leo itakuwa kama jana. Pale Midway mtu huyo huumbuka kila hewa baridi inapoteremka. Kwetu ni mara chache apotee sana, na kila mnunuzi sokoni anamfahamu. Kinachobaki cha kushindania ni nusu ya nyuzijoto: kama manyunyu yalipita uwanja wa ndege au yaliishia Ngamiani, na kama umande, ule upepo wa nchi kavu unaotoka upande wa Muheza, ulianza kuvuma mapema au ulichelewa. Baba yangu amekuwa akitoka na ngalawa kwa umande huo tangu sijazaliwa, na hata yeye husema utavuma, hasemi utapoza kwa kiasi gani.

Hapo ndipo penye hofu yangu kubwa. Kipimajoto cha kawaida cha joto la chini ni mrija wa spiriti uliolazwa ndani ya sanduku jeupe lenye mianya. Spiriti ikijikunja kwa baridi huvuta kijiti kidogo, na joto likirudi kijiti hubaki pale pale mpaka mtu aje asome kwa macho. Mtu wa zamu wa kituo cha hali ya hewa huandika 22.4 au 22.5. Kwa mvuvi, kwa mkulima na kwa daktari, tofauti hiyo si kitu. Kwa soko linalozungusha namba ziwe nzima, hiyo ndiyo tofauti kati ya anayelipwa na anayepoteza yote. Sisemi kwamba watumishi hao si waaminifu. Nasema kwamba leo hakuna mtu mwenye sababu ya kuwahonga, na sisi ndio tutakaoitengeneza sababu hiyo. Wastani wa hali ya hewa hukokotolewa kwa miaka 30, na namba iliyopotoshwa asubuhi moja kwa ajili ya dau huingia katika hesabu hiyo yote.

Mchangiaji wa kwanza, Chumbageni

Dada yangu, nimekusoma kwa makini, lakini umelitazama soko kwa upande wa mchezaji tu. Soko la bidhaa la Chicago limeuza mikataba ya hali ya hewa tangu 1999, ambayo huhesabiwa kutokana na wastani wa joto la juu na la chini la siku, na kampuni za nishati huitumia kujikinga na hasara ya majira ya baridi yasiyo na baridi. Kwa nini mkulima wa machungwa wa Muheza anyimwe kinga kama hiyo? Kuhusu mtu wa zamu, vipo vituo vinavyojisoma vyenyewe. Na Bodi ya Michezo ya Kubahatisha, iliyoundwa kwa sheria ya 2003, si ipo kwa ajili ya kusimamia mambo kama haya?

Mtoa hoja

Kaka yangu, la vituo vinavyojisoma nalikubali kwa sehemu. Mashine haihongeki, lakini inahitaji uzio, inahitaji kusahihishwa, na anayeweza kuifikia usiku anaweza kuipasha moto bila kuugusa mtambo.

La kinga silikubali. Kinga ni ya mwenye hasara. Kampuni ya gesi ya Chicago hupoteza mauzo wateja wasipowasha majiko ya kupasha nyumba. Niambie ni nani hapa Tanga anayepoteza shilingi kwa sababu alfajiri ilikuwa 23 badala ya 22. Mchungwa wa Muheza huumizwa na masika yaliyokosekana au yaliyopitiliza, na dawa ya hilo ni bima inayofuata kipimo cha mvua, ambayo mkulima huinunua kwa ajili ya shamba lake mwenyewe. Asiye na shamba hana cha kukinga, na kile anachokinunua kwenye soko lako kinabaki kuwa dau, hata Bodi ikikipa leseni.

Kuhusu ujuzi, tupimane bila pesa. Kuanzia tarehe 1 Julai hadi 31 Agosti, kila jioni kabla ya isha, uandike joto la chini unalolitarajia na uhakika wako kwa asilimia, nami niandike la kwangu, na mshindani wa tatu awe ni kipimo cha jana. Kila utakaposema asilimia 70, tutahesabu kama ulipatia mara 7 katika 10. Ukimshinda huyo wa tatu kwa siku zote 62, nitarudi hapa kuisahihisha hoja yangu kuhusu ujuzi. Ile ya mtu wa zamu itabaki kama nilivyoiandika.