Mhungaria wa "Pócs 1980" ni nani hasa?

KijanaWaBigwa:
Wakuu, heshima kwenu. Naandika mradi wa mwaka wa mwisho kuhusu vyanzo vya maji vya Uluguru. Kila makala ninayofungua inanitupia "Pócs 1980". Msimamizi anasema ni Mhungaria aliyewahi kufundisha hapa hapa Morogoro. Hungaria na milima yetu wapi na wapi?

BabuHebaria:
Tamás Pócs, mzaliwa wa Budapest, 1933. Alishapita misitu ya Vietnam miaka ya 1960 kabla ya kuja Morogoro kufundisha botania, enzi hizo kilimo bado ni kitivo cha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Kitivo hicho kimekuwa chuo kikuu kamili cha Sokoine 1984.

Wageni wengi wakipanda Uluguru hutazama maua na miti mirefu. Yeye alishughulika na kuvumwani, ule ukijani unaovaa magome na matawi. Mimi nimefanya kazi ya kupanga mimea mikavu makabatini, na nakwambia kuvumwani haibanwi kwenye magazeti kama mimea mingine. Unaiacha ikauke, unaitia kwenye bahasha ya kukunja kwa mkono, juu unaandika mlima, mwinuko na mti ilipokuwa imeshika. Chukua kipande kilichokauka, kimejikunyata kama majani ya chai, kitie tone moja la maji chini ya lenzi: kinakunjuka unakiona.

Huo unywaji wa maji ndio alioutia kwenye mizani katika hiyo makala ya 1980. Alilinganisha misitu miwili, mmoja mteremkoni mita 1,400 hivi, mwingine ule mfupi uliopindapinda wa kwenye ukungu, mita 2,100 na kidogo. Akapima kila kinachoota juu ya miti. Wa chini ulitoa tani 2 hivi kwa hekta, uzito mkavu. Wa juu, tani 14 hivi. Mkavu, kijana! Vikilowa ni hesabu nyingine kabisa.

Mgeta_Juu:
Sisi wa huku juu tunajua ukungu ukishuka unalowana hata kama haijanyesha. Lakini Babu, maji si yanatoka kwenye mizizi ya miti?

BabuHebaria:
Mizizi ina kazi yake, sibishi. Ila mvua kubwa ikipiga, ile kuvumwani inazuia sehemu ya maji yasiporomoke yote kwa mara moja na kubeba udongo, kisha inayaachia polepole. Ukungu nao inaukamata. Ukikata msitu wa juu ukapanda miti ya mbao, mti unaweza kuupata, lakini ile blanketi ya tani 14 huipandi. Na mto Ruvu unaonyweshea Dar unaanzia huko.

Nina kinyongo kimoja: watu wanamnukuu kwa hiyo tarakimu tu. Mapenzi yake makubwa ni vimea visivyo na maua vinavyoota juu ya jani la mmea mwingine, vidogo hata kucha ni kubwa. Ametoa makala nyingi mno kuhusu kuvumwani za Afrika Mashariki, na kule kwao aliweka makao Eger, ambako kuna hebaria, yaani hifadhi ya mimea mikavu, yenye vielelezo vingi vya huku kwetu.

KijanaWaBigwa:
Shukrani sana Babu. Kwa hiyo ninukuu hiyo ya 1980 tu?

BabuHebaria:
Hapana. Soma ya 1974 ya hali ya hewa ya Uluguru na ya 1976 ya ramani ya uoto kwanza. Halafu mwambie msimamizi akupeleke kilele cha Bondwa huko Uluguru wakati wa masika, na uvae buti.