Alain Juppé: tunambana kwenye kosa dogo, kubwa tunalipita?

Wakuu, hoja iliyo mezani ni kwamba mwanasiasa akitiwa hatiani kwa fedha za umma afungiwe siasa maisha. Wanaoitetea wamemtolea mfano Alain Juppé, waziri mkuu wa Ufaransa 1995 hadi 1997, mtu wa Jacques Chirac toka zamani. Mimi naipinga. Na simtetei Juppé.

Tuanze na kesi. Chirac alipokuwa meya wa Paris, Juppé alikuwa msaidizi wake upande wa fedha, na baadaye akawa pia katibu mkuu wa chama chao, RPR. Watu wa chama wakawa wanalipwa mshahara na jiji. Hata watumishi hewa hawakuwa, kazi walifanya, ila ofisi ilikuwa ya chama. Januari 2004 mahakama ya Nanterre ikampa kifungo cha nje cha miezi 18 na marufuku ya kugombea miaka 10. Desemba, kwenye rufaa, ikawa miezi 14 na marufuku ya mwaka 1. Akaachia umeya wa Bordeaux, akaenda kufundisha Québec, Kanada.

Mwaka 2006 madiwani wa Bordeaux wakajiuzulu ili uchaguzi uitishwe upya, naye akashinda raundi ya kwanza. Akashinda tena hivyohivyo 2008 na 2014. Wapiga kura walijua kila kitu. Walikuwa wanapanda tramu iliyoanza chini yake, na jioni wanapunga upepo kwenye gati za mto Garonne ambako zamani palikuwa na maghala matupu. Sasa nani wa kuwaambia wamekosea? Bosi wake mwenyewe, Chirac, alihukumiwa 2011 kwa mishahara ya jiji ya namna hiyohiyo, keshamaliza urais.

Faili linalonikera mimi ni la Rwanda. Aprili 1994 Juppé ndiye waziri wa mambo ya nje. Tarehe 27, mauaji ya kimbari yakiwa wiki ya tatu, Paris inapokea wajumbe wa serikali ya muda ya Rwanda, ile iliyosimamia mauaji, na Juppé anakutana nao. Mmoja wao ni Jean-Bosco Barayagwiza, yuleyule aliyekuja kuhukumiwa na mahakama ya UN ya Rwanda kule Arusha kwenye kesi ya vyombo vya habari vya chuki. Mwaka uliofuata Juppé akapanda cheo.

Mtasema Mei 1994 alitamka hadharani kuwa yale ni mauaji ya kimbari, wakati wakubwa wengine wanalikwepa neno. Kweli. Mtasema Operesheni Turquoise, ile ya jeshi la Ufaransa kuweka ukanda wa usalama kusini-magharibi mwa Rwanda, iliokoa watu. Iliokoa, lakini wauaji nao walipita ukanda huohuo wakaingia Zaire. Aprili 2021, baada ya ripoti ya tume ya Duclert, ya wanahistoria waliochunguza nafasi ya Ufaransa kule Rwanda, kusema Ufaransa inabeba wajibu mzito, Juppé aliandika kwamba hawakuelewa kuwa mauaji ya kimbari hayataki hatua nusunusu. Miaka 27 baadaye, akiwa tayari amekaa kwenye Baraza la Katiba, chombo cha Ufaransa kinachopima sheria kama zinafuata katiba.

Hiyo sheria yenu ya kufungia maisha ingemnasa kwa mishahara ya watu wa chama, na kwa ile ya Aprili 1994 isingemgusa. Mwenye kifungu kinachoweza kumgusa akilete hapa tukichambue. Na Wanyarwanda mliomo, pamoja na ndugu zetu wa Goma mliowaona wale jamaa wakivuka, semeni nanyi.