Mtoto kusainishwa mkataba wa muziki: JoJo alifungwaje, na alitokaje?

Shangazi wa Mwanza

Ndugu wanajukwaa, habari za wakati huu. Binti wa kaka yangu ana miaka 13 na anaimba kwaya kanisani. Video yake moja imesambaa kiasi kwamba meneja mmoja ameleta mkataba nyumbani, akitaka kaka asaini kabla ya mwisho wa mwezi. Mkataba unataja albamu 5 lakini hautaji mwaka wa kuisha, na kifungu kingine kinampa meneja haki ya kupokea mapato yote, kukata gharama zake, kisha kulipa kinachobaki. Kaka anaona mlango wa baraka umefunguka. Mimi nimemkumbuka mwimbaji JoJo wa Marekani, aliyepotea miaka mingi bila sisi mashabiki wake kujua sababu. Naomba anayeijua kesi yake anieleze.

Mfuatiliaji wa Muziki

Shikamoo Shangazi. Joanna Levesque, ndilo jina lake halisi, alisaini na lebo (kampuni ya kurekodi muziki) ya Blackground akiwa na miaka 12, na mwaka 2004, akiwa na miaka 13, wimbo wake wa kwanza ulishika namba 1 kwenye chati ya redio za pop za Marekani. Mkataba wake ulihesabu albamu 7 badala ya miaka, na mtego ulikuwa hapo hapo, kwa sababu lebo isipotoa albamu hesabu haisogei, na msanii haruhusiwi kwenda kurekodi kwingine. Albamu yake ya pili ilitoka mwaka 2006, ya tatu mwaka 2016. Hakuwa amelala miaka hiyo yote. Alikuwa akiingia studio na kurekodi nyimbo ambazo ziliishia kabatini. Yeye mwenyewe amesimulia kwamba, alipokuwa ndio kwanza anaingia utu uzima, alipangiwa mlo wa kalori 500 kwa siku pamoja na sindano za kuua hamu ya chakula, akiamini kwamba akikonda albamu itatoka. Haikutoka. Amesimulia pia jinsi alivyozama kwenye pombe, na jambo hilo linaniuma kila ninapolisoma, kwa kuwa binti huyo hakukosa kipaji wala bidii.

Mwaka 2013 alikwenda mahakamani New York, akidai kwamba sheria haziruhusu mkataba uliosainiwa na mtoto kuvuka miaka 7. Mapema mwaka 2014 alikuwa huru na akahamia lebo nyingine. Hata hivyo masta (rekodi za awali) za albamu zake 2 za kwanza zilibaki kwa lebo ya zamani na hazikupatikana kwenye mitandao ya kusikiliza muziki, hivyo mwaka 2018 aliziimba upya zote mbili, wimbo kwa wimbo, ili angalau sauti yake ipatikane.

Wakili Mstaafu

Kwa hapa kwetu, Sheria ya Mikataba inataka anayeingia mkataba awe mtu mzima, hivyo saini ya mtoto wa miaka 13 haimfungi, na bila shaka ndiyo maana meneja anaitafuta saini ya baba. Aidha, Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inaruhusu kazi nyepesi kuanzia miaka 14, na inakataza kumfanyisha mtoto kazi kati ya saa 2 usiku na saa 12 asubuhi. Huyo binti hajafika hata huo umri. Mwulizeni meneja maonyesho anayoyapanga yatafanyika saa ngapi, na majibu yake yaandikwe.

Mzazi Mwenzio

Naongeza la fedha, kwa sababu anayekula fedha za mtoto si lazima awe mgeni. Mwaka 2000 mwimbaji LeAnn Rimes, aliyepata umaarufu akiwa na miaka 13, alimshtaki baba yake mzazi kwa madai ya kujichukulia mamilioni ya dola za mapato yake. California ina sheria tangu mwaka 1939, iliyotungwa baada ya mwigizaji mtoto Jackie Coogan kukuta fedha zake zimetumiwa na mama yake na baba wa kambo; leo sheria hiyo inataka asilimia 15 ya mapato ya mtoto iwekwe kwenye akaunti asiyoweza kuigusa mtu mwingine. Mwanamuziki Stevie Wonder naye alisaini na lebo ya Motown akiwa na miaka 11, fedha zake zikatunzwa kwa amana, na alipotimiza miaka 21 mwaka 1971 alikuwa na nguvu ya kudai mkataba mpya uliompa uhuru wa kurekodi anachotaka.

Shangazi, mwambie kaka asiharakishwe na hiyo tarehe. Kabla ya mazungumzo yoyote, adai tarehe ya mwisho ya mkataba, hesabu ya gharama yenye risiti, akaunti ya benki kwa jina la binti, na haki ya mzazi au ndugu kuwepo studio kila anaporekodi. Na binti mwenyewe aulizwe, meneja akiwa hayupo, kama anataka.