Makundi ya densi ya Uholanzi: 2 Unlimited, Vengaboys au Chocolate Puma, nani kapiga kazi ndefu?

dijei_mwembe
Wakuu salama? Juzi tumebishana na washkaji kuhusu haya makundi ya muziki wa hausi (house) na densi ya Uholanzi ya enzi zile, kila mtu anavutia kwake mpaka chai ikapoa. Tuache habari ya wimbo upi mkali maana hiyo haiishi. Nachotaka ni safari nzima, yani nani katoka, kapata, kadumu. Nimebakiza watatu, 2 Unlimited, Vengaboys na Chocolate Puma. Kura yangu Vengaboys ila nashawishika.

Mzee_wa_Kaseti
2 Unlimited, wala usijisumbue. Get Ready for This ilianza 1991 ikiwa biti tupu, ndo wakamwita Ray Slijngaard aweke rap, kijana wa Amsterdam alikuwa mpishi tu, na yeye akamvuta Anita Doth aje aimbe, kundi likazaliwa hapo. 1993 No Limit imekaa namba 1 Uingereza wiki 5. Na mpaka leo ingia uwanja wa basketi Marekani, Get Ready for This itapigwa tu, watoto wanaruka nayo na hawajui hata ni ya nani.

Nyota_Kisauni
Mzee wangu shikamoo, ila hapo umeruka kitu. Hiyo biti ilikuwa ya nani? Jean-Paul De Coster na Phil Wilde, Wabelgiji. Kwa hiyo hilo kundi ni la Uholanzi nusu tu. Na toleo la No Limit la Uingereza walimkata Ray rap karibu yote, yani mtu ni nusu ya kundi na kwenye wimbo mkubwa kuliko zote hasikiki! 1996 yeye na Anita wakaondoka, 1998 wenye jina, yani hao maprodyuza, wakaleta wadada wawili wapya, Romy na Marjon, gari lile lile makondakta wapya. Haikufika mbali.

Mzee_wa_Kaseti
Marahaba. Lakini Ray na Anita walirudi na jina lao 2012 wakapiga shoo kibao za watu wa rika letu, Anita akaja kujitoa 2016. Mbona hilo hulisemi.

Rotterdam_Kwetu
Niko huku Uholanzi, ngoja niwatetee Vengaboys maana watu wanawachukulia kama vichekesho. Nyuma yao kuna maprodyuza wawili, Dennis van den Driesschen na Wessel van Diepen, wanajiita Danski na Delmundo, ndo waliweka mbele wale wanne wa mavazi, Kim, Denise, Robin na Roy. 1998 Up & Down na We Like to Party, ile inayoimba kuhusu basi, halafu 1999 wakapata namba 1 mbili Uingereza mwaka mmoja, Boom Boom Boom Boom na We're Going to Ibiza. Hiyo Ibiza wameijenga juu ya wimbo wa 1975 wa Typically Tropical unaitwa Barbados, wakabadilisha kisiwa tu, ujanja mtupu lakini umelipa. Wakapoa miaka kadhaa, wakarudi, na mpaka sasa wanapiga shoo.

Na 2019 ndo ikawa balaa. Video ya naibu chansela wa Austria, Strache, iliyorekodiwa kwa siri Ibiza ikavuja, serikali ikaanguka, watu wakaufufua ule wimbo ukapanda tena chati za Austria miaka 20 baadae, Vengaboys wenyewe wakaenda Vienna kuuimba kwenye maandamano. Niambieni kundi gani lingine la densi nyimbo yake imekuwa ya kuaga serikali.

dijei_mwembe
😂😂 Mkuu hiyo ya Austria sikuijua, kura yangu inazidi kukaa vizuri. Ila hao Danski na Delmundo si ndo wale wa lile kundi lingine la densi, Alice Deejay?

Rotterdam_Kwetu
Haswa, walikuwemo. Better Off Alone ilifika namba 2 Uingereza 1999, mwaka ule ule wa Ibiza, yani Vengaboys huku Alice Deejay kule na pesa inaenda jiko moja. Halafu baadae yule dijei Mfaransa David Guetta akaichukua ile kinanda akatengeneza Play Hard.

kalamu_kavu
Sasa nyie wenyewe mmeshajibu swali bila kujua. Kote mnakotaja anaedumu ni prodyuza, sura zinabadilishwa. Chukua Chocolate Puma, René ter Horst na Gaston Steenkist, watu wa Haarlem, hawa ni maprodyuza na ndo kundi lenyewe, hakuna wa kuwafukuza. 1993 walijiita The Goodmen wakatoa Give It Up, ngoma tupu za Kibrazili na sauti kidogo, ikaingia tano bora Uingereza, miaka miwili baadae bendi ya Uingereza Simply Red wakachukua ngoma zile zile wakaweka kwenye Fairground ikawa namba 1. 2001 wakatoa I Wanna Be U kwa jina la Chocolate Puma, namba 6 Uingereza, na mwaka huo huo kwa jina lingine kabisa, Riva, wakatoa Who Do You Love Now na Dannii Minogue ikafika namba 3. Bado kuna majina mengine, kuna Zki & Dobre, kuna Jark Prongo, wote ni wao. Halafu miaka ya 2010 maprodyuza vijana wa Firebeatz wanakuja kufanya nao kazi kama wakubwa zao. Hesabu mwenyewe hiyo ni miaka mingapi bila kuvaa kofia ya kauboi kama Vengaboys.

Nyota_Kisauni
Kalamu umeongea. Mi naenda na hawa.

dijei_mwembe
Nimekuelewa lakini kazi gani hiyo mtu hakujui? Mi nikisema Chocolate Puma kwenye sherehe hapa watadhani ni biskuti, nikiweka basi la Vengaboys mpaka shangazi anasimama.

kalamu_kavu
Uliuliza kazi ndefu hukuuliza shangazi.

Mzee_wa_Kaseti
Mimi sihami. Ila hiyo Give It Up kumbe ndo ile ya ngoma nyingi? Hiyo nilikuwa nayo kwenye kaseti ya mchanganyiko haina jina, miaka yote nadhani ni Wabrazili kweli. Dijei, ukiipiga usiiunganishe na No Limit, ile inakimbia mapigo 140 na kitu kwa dakika, utawavunja watu miguu.